Riwaya zetu zimefika angani, zikasahau kutazama nyota

Anayepanda kwenda Matamba kwa njia ya Chimala huanza kuhesabu hata kama hakukusudia. Barabara inaparamia ukuta wa mlima kwa kona, kona moja ikizaa nyingine, na wenyeji hawakujisumbua kuitafutia jina la kiongozi wala la mto. Wanaiita Hamsini na Saba, kwa idadi ya kona zake. Mgeni hushika kiti cha mbele kwa mikono miwili. Mwenyeji anahesabu kimoyomoyo, na zikitimia arobaini hivi anajua joto la bonde la Usangu limebaki chini na koti linahitajika. Juu kabisa ndiko Matamba, wilaya ya Makete, mkoa wa Njombe, mlangoni mwa Hifadhi ya Taifa ya Kitulo. Kitulo ni uwanda wa mita 2,600 hivi juu ya usawa wa bahari, ambao watu wa huku waliuita Bustani ya Mungu kabla serikali haijaufanya hifadhi mwaka 2005.

Wageni huja kwa ajili ya maua, kati ya Desemba na Aprili, mvua zinapoufanya uwanda uchanue. Ningekuwa mimi ndiye ninayewapangia ratiba, ningewaleta Juni au Julai. Wakati huo maua yamekwisha na baridi inaunguza majani ya viazi, lakini mvua imekata, hewa imekauka, taa za umeme bado ni chache, na usiku usio na mwezi mbingu inashuka hadi kwenye mabati. Njia Nyeupe inapita karibu na utosi, upeo hadi upeo. Kusini unauona Msalaba na, kando yake, nyota mbili kali zinazouelekezea. Ile iliyo mbali zaidi na Msalaba ni Alpha Centauri. Kilimia, ambacho wazee walikitumia kupangia kilimo, jioni hukioni. Kilizama Mei, na sasa kinarudi alfajiri, saa za kukamua ng'ombe.

Mtoto anayekua chini ya mbingu hiyo, na anayekisoma Kiswahili vizuri kuliko lugha nyingine yoyote ya kitabuni, tumemwandikia nini?

Jibu la haraka unalipata Makambako. Mji ule ni njia panda: barabara ya Songea na Njombe inakutana pale na barabara kuu ya Dar es Salaam na Mbeya, reli ya TAZARA ina stesheni, malori yanapita usiku kucha. Kwa pilika zote hizo, duka la vitabu ni steshenari. Utakuta vitabu vya kiada, mitihani iliyopita pamoja na majibu yake, madaftari, kalamu, na rafu moja ya vitabu vya kukufundisha kutajirika. Riwaya zilizopo ni zile zilizo kwenye muhtasari wa sekondari. Ukiuliza kitabu cha Kiswahili cha mtoto wa miaka kumi na mbili kuhusu safari ya kwenda kwenye nyota, muuzaji atakutazama, kisha atakuonyesha atlasi.

Sasa, mtu asije akadhani kwamba waandishi wetu waliogopa kuruka. Riwaya ya Kiswahili ilianza kuruka mapema kuliko tunavyokumbuka. Mwaka 1951 Shaaban Robert alitoa Kusadikika, kitabu cha nchi iliyo angani, isiyogusa ardhi popote. Karama anashtakiwa huko kwa kosa la kufundisha uanasheria, na katika kujitetea anasimulia habari za wajumbe sita waliotumwa pande sita: mashariki, magharibi, kaskazini, kusini, mbinguni na ardhini. Hebu uone ujasiri wa mpango huo. Nchi tayari iko hewani, na bado inamtuma mtu juu zaidi! Kila mjumbe anapita katika mashaka, anarudi na maarifa ya kuifaa nchi yake, na anaishia gerezani. Mwaka uliofuata kikaja Adili na Nduguze, chenye majini, mji wa watu waliogeuka mawe, na ndugu waliogeuzwa manyani.

Shuleni tulikisoma Kusadikika kwa kalamu nyekundu. Taja dhamira tano. Eleza ujumbe. Mchambue Karama. Tulifundishwa kwamba anga lile ni fumbo, na ni kweli. Tanganyika ilikuwa chini ya Waingereza, mwandishi mwenyewe alikuwa mtumishi wa serikali yao, na asingeweza kuwaandika watawala kwa majina yao akabaki na kazi. Lakini katika darasa la watu zaidi ya hamsini hakuna aliyeuliza swali ambalo mtoto yeyote angeliuliza kwanza: nchi hiyo inaeleaje? Usiku ikiwa huko, inaona nini? Swali hilo halikuwa na alama kwenye mtihani.

Baadaye walikuja wengine. Mwaka 1995 Katama Mkangi wa Kenya, msomi aliyewahi kuonja kizuizini enzi za Moi, alitoa Walenisi. Dzombo, aliyehukumiwa kifo, anatiwa ndani ya chombo na kurushwa angani afie huko, naye anatua kwenye dunia nyingine yenye haki na usawa. Mwaka 1999 William Mkufya alitupeleka mbali zaidi katika Ziraili na Zirani, hadi ahera, kwenye vita vya imani na akili. Kabla yao wote wawili Kezilahabi alikuwa ameandika Nagona na Mzingile, vitabu viwili ambavyo msomaji anatoka akiwa hana hakika kama ametembea duniani au nje yake.

Hizi ni kazi kubwa, na mimi ni msomaji wake wa kurudia. Malalamiko yangu ni mamoja tu: katika karibu zote, anga limefanywa mahakama. Tunapandishwa juu ili mambo ya chini yahukumiwe. Kusadikika inamshitaki mkoloni na kila mtawala aliyefanana naye, Walenisi inamshitaki bepari, Ziraili na Zirani inamweka kizimbani binadamu mzima na dini zake. Sikumbuki mhusika hata mmoja aliyesimama, akaliangalia giza lile na umbali ule, akashikwa na butwaa kwa sababu ya vitu vyenyewe: kwamba viko, na kwamba ni vikubwa kiasi kile. Chombo cha Dzombo kina abiria, hakina dirisha.

Nawaelewa. Mwandishi aliyetoka kizuizini hana muda wa kupima umbali wa nyota. Ila leo ni miaka zaidi ya sabini tangu Kusadikika, na bado mwanafunzi akisikia kitabu kinakwenda angani anajiandaa kutafuta ni mwanasiasa gani amesemwa.

Na si kwamba hatuna mali ya kuandikia. Tarehe 12 Desemba 1970, Wamarekani na Waitaliano walirusha setilaiti kutoka jukwaa la San Marco, lililosimikwa baharini karibu na Ngomeni, kaskazini ya Malindi. Walikuja pale kwa sababu ya ikweta. Dunia inajizungusha kwa kasi kubwa zaidi hapo katikati, kilomita 1,670 hivi kwa saa, na roketi inayoelekezwa mashariki inapata msukumo wa bure. Siku hiyo Kenya ilikuwa inatimiza miaka saba ya uhuru, basi setilaiti ikaitwa Uhuru. Ilikuwa ya kwanza duniani kutengenezwa kwa kazi moja tu ya kutafuta miale ya eksirei itokayo kwenye nyota. Iliorodhesha vyanzo 339. Kimojawapo, Cygnus X-1, kilikuwa kinapwitapwita kwa namna ambayo nyota ya kawaida haiwezi, na vipimo vilivyofuata vikaonyesha kwamba kando ya nyota kubwa pale kuna kitu kisichoonekana, kizito kupindukia: shimo jeusi. Riccardo Giacconi, aliyeongoza kazi hiyo, alipata Tuzo ya Nobeli ya fizikia mwaka 2002.

Hebu fikiria riwaya hiyo. Mvuvi wa Ngomeni anavuta jarife lake, upande wa pili wa ghuba moto unapanda mbinguni ukiwa na jina la sikukuu yake, na mwaka mmoja baadaye wanasayansi wanasema kilichokuwa ndani ya moto ule kimeona mahali ambapo hata mwanga hautoki. Nani ameiandika kwa Kiswahili? Kama ipo, imefichwa vizuri.

Upande wa namba ndiko tulikolala kabisa. Mwaka 1940 wasomaji wa Kiswahili walipewa Elisi katika Nchi ya Ajabu, tafsiri ya kitabu cha Lewis Carroll, ambaye kwa jina lake halisi, Charles Dodgson, alikuwa mwalimu wa hisabati Oxford. Mwaka huo huo, Marekani, Edward Kasner na James Newman walitoa kitabu cha kuwasimulia watu wa kawaida raha za hisabati, na humo wakaeleza jinsi mpwa wa Kasner, mtoto wa miaka tisa, alivyoombwa aitafutie jina namba yenye moja na sifuri mia moja. Mtoto akasema "gugoli". Jina likashika. Sisi tulipokea nchi ya ajabu, mchezo wa namba tukauacha bandarini, na mpaka leo kitabu cha hesabu kwetu kina kazi moja, kumtisha mtoto kabla ya mtihani kumtisha zaidi.

Mwezi Julai uliopita nilikuwa jikoni kwa kaka yangu, huku huku Matamba, tumezunguka moto. Mwanawe wa darasa la tano akaniuliza, "Baba mdogo, namba ya mwisho ni ngapi?"

"Haina mwisho."

"Hata Mungu haijui?"

"Hilo muulize mchungaji," mama yake akadakia huku akigeuza viazi kwenye majivu.

Nikaomba bao la kaka na kilo ya maharage. Shemeji alitoa kwa sharti kwamba isipotee hata punje moja, ni ya mbegu. Bao lina mashimo 32, safu nne za nane nane. Nikamwambia kijana: shimo la kwanza weka punje moja, la pili mbili, la tatu nne, kila shimo maradufu ya lililotangulia. Akacheka, akaona ni mchezo wa dakika mbili. Shimo la saba lilitaka punje 64, sawasawa na kete zote za bao. La nane likafurika. Tulipofika la kumi tulikuwa tumeacha mashimo, tunarundika sakafuni juu ya gunia, na lile la kumi na moja, lenye punje 1,024, liliitafuna kilo yote isipokuwa kiganja kimoja.

"Yamebaki mashimo ishirini na moja," akasema kijana, akimtazama mama yake. "Twende ghalani?"

"Ghalani hamgusi."

Basi tukahamia kwenye daftari. Alizidisha mwenyewe, ulimi nje, hadi moto ukabaki makaa. Shimo la kumi na tisa lilimkataa mara mbili kabla hajapata 262,144. Mtoto huyo huyo, baba yake ananiambia, akipewa hesabu za shule huumwa tumbo. Tulipofika la mwisho tukajumlisha mashimo yote: 4,294,967,295. Akataka kujua hiyo ni mingapi "kwa viazi". Viazi kumi kwa kilo, kilo mia kwa gunia: magunia zaidi ya milioni nne, yaani Fuso za tani kumi zipatazo 42,950 zikishuka kona zile moja nyuma ya nyingine. Kijana alinyamaza kidogo, kisha akauliza swali la kibiashara: barabara itahimili?

Hadithi yenyewe ni ya kale. Waarabu waliisimulia kwa vyumba 64 vya sataranji na punje za ngano, na Ibn Khallikan aliiandika katika karne ya 13. Kwa vyumba 64 jumla inafika 18,446,744,073,709,551,615, na hapo mfalme aliyeahidi kulipa anagundua kwamba ameahidi ngano ambayo dunia haina. Sisi tuna bao lenye kete 64 katika kila kijiwe, na hakuna aliyempa mtoto hadithi hiyo kwa mkono wa bao.

Najua atakayeniambia kwamba watu wa Makete wana shida za maana kuliko hizi. Madawati, dawa, bei ya mbolea. Nyota za nini? Hoja hii huwa inatolewa na watu walioshiba namba. Mkulima wa viazi wa huku ameumizwa na lumbesa miaka nenda rudi. Sheria ya vipimo inataka gunia lisizidi kilo 100, mnunuzi anashona kilemba juu yake, na mwenye shamba anauza kilo ambazo hazihesabiwi. Mama anayechukua mkopo wa kausha damu anaingia kwenye mashimo yale yale ya bao, deni likizaa deni, ila yeye haambiwi liko shimo la ngapi. Na sote tulisikiliza bungeni bajeti ya mwaka 2025/26, shilingi trilioni 56.49, tukitikisa vichwa kama watu walioelewa. Hesabu shilingi moja kila sekunde, usiku na mchana, bila kula. Milioni utaimaliza kwa siku 12. Bilioni itakuchukua miaka karibu 32. Ili umalize bajeti hiyo leo, ilikupasa uanze miaka milioni 1.79 iliyopita, kabla ya siku za yule Zinjanthropus ambaye Mary Leakey alimfukua Olduvai mwaka 1959. Mtu aliyezoea kucheza na sifuri tangu utotoni hawezi kutajiwa trilioni akapiga makofi tu.

Hata hivyo sitaki kuitetea nyota kwa faida ya gunia peke yake. Kuna kitabu ninachokitamani, na hakina haja ya kumfundisha mtu biashara. Tuseme basi linatoka stendi ya Matamba kwa kilomita 80 kwa saa, mwendo ambao sheria imewawekea madereva wa mabasi, na badala ya kushuka Chimala linapanda. Mwezini litafika baada ya siku 200, abiria wamechoka lakini wazima. Kwenye Jua ni miaka 213. Ili lifike leo, lingekuwa limeondoka Sayyid Said akiwa bado kijana Muscat, hajaota kuhamia Zanzibar. Nyota iliyo jirani zaidi na Jua ni Proxima Centauri, ndogo mno kuonekana kwa macho, mwenzake wa ile Alpha Centauri niliyoitaja. Basi letu litafika huko baada ya miaka milioni 57. Konda anadai nauli kwa nani? Wanaozaliwa njiani wanaongea lugha gani baada ya vizazi elfu? Nani anakumbuka walikuwa wanakwenda wapi? Maswali hayo ni riwaya nzima, na mwandishi anayeijua stendi ya huku ataiandika vizuri kuliko mtu wa Hollywood.

Anayetaka kuanza na kitu cha kushika kwa mkono, aende Ndolezi, wilaya ya Mbozi, mkoa wa Songwe, si mbali na barabara ya Tunduma. Pale kuna kimondo chenye urefu wa mita tatu hivi na uzito unaokadiriwa kuwa tani 16, chuma sehemu tisa kwa kumi, kilichotangazwa kwa ulimwengu mwaka 1930 na mpima ardhi W. H. Nott. Shimo lililochimbika siku kilipoanguka limekwisha futika. Wanafunzi hupelekwa, hupanda juu, hupigwa picha, hurudi. Hadithi ya kile chuma kabla hakijafika Mbozi, mamilioni ya miaka ya kuzunguka Jua bila shahidi, hawapewi.

Tarehe 1 Septemba 2016, jua lilipopatwa likabaki pete, Rujewa iliyo hapo chini yetu ilijaa watu kutoka kila pembe ya nchi, wazee kwa watoto, wamevaa miwani ya karatasi. Kwa hiyo kiu ipo. Watu walipanda mabasi usiku kucha kwa ajili ya dakika chache za mbingu. Kilichokosekana siku hiyo ni kitabu cha kuondoka nacho.

Tuzo ya Taifa ya Mwalimu Nyerere ya Uandishi Bunifu, inayosimamiwa na Taasisi ya Elimu Tanzania, ilitolewa mara ya kwanza mwaka 2023. Ilianza na riwaya na ushairi, kisha ikafungua mlango kwa hadithi za watoto. Naomba waandaaji waongeze fungu jingine, la hadithi za sayansi na hesabu kwa wasomaji wa miaka 10 hadi 15, na miswada isomwe na jopo lenye mwalimu wa fizikia pamoja na wa fasihi, ili mshindi asipewe tuzo kwa roketi inayotumia makaa ya mawe. Naomba pia walimu wa Kusadikika watenge nusu kipindi, kabla ya dhamira, wawaache watoto wabishane jinsi nchi ile inavyoelea. Na wewe msomaji, kama unakijua kitabu cha Kiswahili kilichokwisha kufanya haya ninayoyaomba, liandikie gazeti hili utaje jina lake, mwandishi wake na duka linalokiuza. Nitakinunua, na nitakipandisha Matamba mwenyewe.